Vittorio De Sica: Je, uigizaji ulimjenga mwongozaji au ulimdhoofisha?

Wapo wachambuzi wanaoamini kwamba Vittorio De Sica, mwongozaji mashuhuri wa filamu wa Italia, hakuweza kuachana na mwigizaji aliyekuwa ndani yake, na kwamba huo ndio udhaifu wake mkubwa. Hoja hiyo si ya kupuuzwa. De Sica, aliyezaliwa Sora mwaka 1901, alipata umaarufu katika miaka ya 1930 kama kijana mtanashati wa vichekesho vya mapenzi, hasa baada ya filamu ya Mario Camerini ya mwaka 1932, Gli uomini, che mascalzoni!, na huko alijifunza jinsi ya kuwafanya watazamaji wacheke na kulia kwa wakati anaoutaka yeye. Alianza kuongoza mwaka 1940 akiwa na ujuzi huo. Hata katika filamu yake Ladri di biciclette (yaani Wezi wa Baiskeli) ya mwaka 1948, wasema wachambuzi hao, machozi ya mtoto Bruno, baba yake anapokamatwa kwa kuiba baiskeli, yanatuteka kwa huruma kabla hatujajiuliza ni nani aliyeifikisha familia hiyo hapo.

Mimi naona kwamba pasipo mwigizaji huyo filamu hizo zisingekuwapo. Baba wa Bruno aliigizwa na Lamberto Maggiorani, mfanyakazi wa kiwandani. Mstaafu maskini wa Umberto D., filamu ya mwaka 1952, aliigizwa na Carlo Battisti, profesa wa isimu. Mtu ambaye hajawahi kuigiza aghalabu huganda mbele ya kamera, au hutia chumvi kila tendo, na De Sica aliwaongoza watu wa namna hiyo kwa kuwaigizia yeye mwenyewe kile alichokitaka. Chukua tukio la mstaafu huyo anapojaribu kuomba kwa mara ya kwanza: ananyoosha mkono, mpita njia anasimama ili ampe pesa, naye anakipindua kiganja haraka kana kwamba alikuwa akiangalia kama mvua inanyesha. Aibu yote ya mzee aliyeishi kwa heshima imo katika kiganja hicho. Cesare Zavattini, mwandishi aliyeshirikiana na De Sica kwa miaka mingi, anastahili sifa kubwa kwa miswada hiyo, lakini tendo dogo kama hilo halikamiliki kwenye karatasi; linahitaji mtu anayejua mwili unavyoficha fedheha.

Uigizaji ulimpa pia uhuru. Mtayarishaji wa Marekani, David Selznick, alikuwa tayari kuigharimia Ladri di biciclette iwapo Cary Grant, nyota wa Hollywood, angekuwa ndiye baba, na De Sica akakataa. Anayeweza kujipatia riziki kwa kuigiza ana uwezo wa kukataa sharti la namna hiyo.

Lawama nzito zaidi, nami naikubali, ni kwamba baadaye alikubali karibu kila kazi. Katika miaka ya 1950 aliigiza katika filamu nyingi nyepesi, na mapenzi yake ya kamari yalimfanya azihitaji pesa hizo daima. Hata hivyo, si haki kumlaumu mwigizaji peke yake kwa kufifia kwa mwongozaji. Umberto D. haikuuza tiketi, na Giulio Andreotti, aliyekuwa akisimamia masuala ya filamu serikalini, aliishutumu hadharani kwa kuichafulia Italia jina. Ni nani angetoa fedha kwa filamu nyingine ya aina hiyo? Tena kipaji chenyewe hakikuwa kimekufa. Mwaka 1960 alimwongoza Sophia Loren katika La ciociara, naye Loren akapata tuzo ya Oscar kwa kuigiza mama wa wakati wa vita, na Il giardino dei Finzi-Contini ya mwaka 1970 ilipata Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Alipopata mswada wenye uzito na mtu wa kuugharimia, jicho lake la mwigizaji lilikuwa bado kali kama zamani.