Kusturica: tusitupe jongoo na mti wake

Kwenye Underground, filamu ya mwaka 1995 ya mwongozaji Emir Kusturica, kuna babu anayeishi handakini chini ya nyumba pamoja na jamaa na majirani. Wanaunda silaha mchana kutwa, wakiamini Vita vya Pili vya Dunia havijaisha na Wajerumani bado wameikalia Belgrade, mji mkuu wa Yugoslavia. Babu ana kazi moja ya siri, kuchezea saa. Siku hata siku anaiba muda kidogo, hadi waliomo humo wanahesabu miaka 15 ya vita wakati juu imepita 20.

Hesabu hiyo hainitoki kichwani. Katika kila miaka minne, mmoja umeibwa. Na mwizi mkuu, anayemtuma babu, si Mjerumani. Ni Marko, rafiki yao wa damu, kigogo wa chama cha Tito, mtawala wa Kikomunisti wa Yugoslavia, anayeuza silaha hizo na kuzindua sanamu ya shahidi aliyefia taifa huku shahidi mwenyewe yu hai, handakini mwake.

Sasa filamu kama hiyo uiite propaganda ya Waserbia, waliokuwa vitani Yugoslavia iliposambaratika? Ilipotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, ya pili kwa Kusturica baada ya ile ya 1985, mwanafalsafa Mfaransa Alain Finkielkraut aliishambulia hivyo hivyo kwenye gazeti la Le Monde. Alikuwa hajaiona. Ndiyo, hajaiona. Kusturica alichukia hadi akatangaza kuacha filamu, ingawa mwaka 1998 alirudi na vichekesho, Black Cat, White Cat.

Wanaomlaumu wana lao, tena zito. Ndani ya filamu kuna picha halisi za mwaka 1941: Zagreb, mji wa Wakroati, na Maribor, mji wa Waslovenia, wanawashangilia wanajeshi wa Hitler, huku Belgrade ya Waserbia ni magofu. Mwaka 1995 picha hizo hazikuwa historia tupu, kwani Sarajevo, mji aliozaliwa Kusturica, ulikuwa umezingirwa na majeshi ya Waserbia wa Bosnia. Aliyefiwa huko ana haki ya kuuliza kwa nini zichaguliwe hizo. Nami sina jibu la kumridhisha, ila kwamba picha hizo ni za dakika chache, na uongo wa Marko ndio unaobeba filamu nzima.

Kilichoharibu zaidi ni maisha yake ya baadaye. Uigizaji, bendi na vitabu nayapita. Lakini mwaka 2005 alibatizwa Mwothodoksi kwa jina la Nemanja, akazidi kusogea karibu na wanasiasa wa utaifa wa Kiserbia, na mwaka 2014 akafungua Andrićgrad, mji mdogo wa mawe huko Višegrad. Mwaka 1992 raia Waislamu wa Bosnia waliuawa mjini Višegrad na majeshi ya Waserbia, wengine wakitupwa mto Drina kutoka kwenye daraja lake maarufu. Mawe ya Andrićgrad ni mapya, ila yamepangwa yaonekane ya karne nyingi. Kuna hata majengo ya mtindo wa Renaissance, mwamko wa sanaa wa Ulaya, enzi ambayo Višegrad haikuipitia.

Hapo ndipo ninapotofautiana na wanaotaka filamu izikwe pamoja na siasa za mwenyewe. Mwenye hasira na Andrićgrad hatapata shahidi bora kuliko Underground. Yule babu na saa yake alishaeleza, miaka 19 kabla, jinsi mji wa namna hiyo unavyojengwa.