Mkaratusi upi, jamani?

Kuna ubishi mmoja ambao kila nikiukuta nashindwa kupita kimya. Mmoja anasema mkaratusi ni mti wa laana unakausha visima, mwingine anajibu ati ni mti wa pesa, wewe panda ukalale, wanarushiana maneno mpaka wanachoka na hakuna hata mmoja aliyeuliza swali la kwanza kabisa: mkaratusi upi? Maana hii miti ina spishi zaidi ya 700 jamani, karibu zote asili yake Australia na chache tu visiwa vya kaskazini yake, halafu sisi tunaziongelea kama vile ni mti mmoja una mashina mengi.

Nisijifanye mjuaji lakini, mimi mwenyewe nilikuwa huko huko. Kuna siku nilisimama mbele ya mkaratusi mmoja nikaamini kabisa kwamba kuna mtu kapanda miti miwili shimo moja. Chini kwenye machipukizi majani yalikuwa mapana, rangi ya bluu ya kijivu, hayana kikonyo, yamekaa mawili mawili yakitazamana yamelikumbatia tawi, ukiyagusa unabaki na unga kidoleni. Juu sasa, majani membamba marefu yamepinda kama mundu, kijani iliyoiva, yananing'inia. Kumbe mti ni uleule! Hiyo ndio bulugamu, Eucalyptus globulus, ina majani ya utoto na majani ya ukubwa, na raha zaidi ni kwamba ukiukata, kisiki kikichipua kinaanza tena na yale ya utoto, mti mzima unarudi chekechea.

Hayo majani ya ukubwa nayo yana akili yake. Chukua moja uligeuze, utashangaa pande zote mbili zinafanana, halina mgongo wala tumbo, kwa sababu linaning'inia wima na jua la mchana linalikuta ubavuni badala ya kulipiga usoni. Ndio maana kivuli cha mkaratusi ni kivuli jina tu, unakaa chini yake na jua linakufuata hapo hapo.

Ua lake ndio mimi limenimaliza kabisa. Halina petali za kuonekana, zimeungana zikawa kifuniko juu ya tumba, na ua likiwa tayari kifuniko kinafyatuka kinaanguka, zinatokea nyuzi nyingi kama brashi ya kunyolea. Hata jina limetoka hapo, ni Kigiriki, maana yake kilichofunikwa vizuri, alilitoa Mfaransa mmoja mtaalamu wa mimea, L'Héritier, mwaka 1788, akitumia kielelezo kilichochumwa Tasmania. Vifuniko vya bulugamu nishaviokota mara nyingi, vina nta nta na vipele na kichwa kidogo katikati, ungesema vifungo vya koti la zamani.

Turudi kwenye ubishi wetu. Watu wanasema mkaratusi ni ule mti wa gome laini linalobambuka. Sawa, ipo hiyo, inabambuka vipande virefu vinaning'inia kama matambara. Lakini ipo ya gome la nyuzi nyuzi lisilobambuka, ipo ile Waingereza wanaiita gome la chuma, jeusi lenye mifereji na gumu kweli, na ipo moja gome lake limejaa michoro kama mtoto kapewa kalamu, kumbe ni njia alizopita kiwavi wa nondo chini ya gome la zamani. Halafu kuna Eucalyptus deglupta, ule wa upinde wa mvua, unaobambuka kwa zamu ndio unaona kijani, chungwa na zambarau kwenye shina moja (ingawa picha nyingine naona mtu kamwaga rangi za ziada, tusidanganyane). Huo kwao ni mpaka Mindanao kule Ufilipino, ndio pekee unaoota wenyewe kaskazini ya ikweta.

Kimo je? Kule Tasmania kuna Eucalyptus regnans mmoja wameupa jina Centurion, una kama mita 100, na ni kati ya miti ya maua mirefu kuliko yote inayojulikana duniani. Ndugu zake wengine ni vichaka tu, mashina mengi membamba yanatoka kwenye kitu kama kiazi kikubwa kilichojificha ardhini. Na hapo ndipo ule usemi kwamba mkaratusi haufi kwa moto unapoanguka, maana kile kichaka kikiungua kinachipua toka kwenye kiazi chake kama hakuna kilichotokea, lakini lile jitu la mita 100 halina kiazi, moto mkali ukipita linakufa na tegemeo ni mbegu zake tu zinazomwagika kwenye majivu.

Sasa ukichanganya mambo haya unalipa kwa hela, sio kwa aibu peke yake. Mfano ninaoupenda ni wa California. Mbao za mikaratusi ya Australia zilikuwa na sifa kubwa, jarrah, mkaratusi mmojawapo wa huko, ilisafirishwa mpaka London ikatandikwa barabarani, gome la chuma likawa mataruma ya reli. Watu wa California wakasikia mkaratusi, mkaratusi, na mwanzoni mwa karne ya 20 wakapanda bulugamu kwa pupa wakitegemea utajiri. Walipokuja kuzipasua, mbao zikajipinda, zikapasuka, na mataruma hayakushika misumari. Makosa yalikuwa mawili, spishi sio ile, na miti yenyewe michanga wakati sifa zile zilitokana na miti mizee sana ya msituni. Lakini kwa masikio yao mkaratusi ni mkaratusi.

Haya, maji. Najua ndio mnasubiri. Mimi siwezi kusema ni uongo, kwa sababu Afrika Kusini walilipima. Kule Mokobulaan, Mpumalanga, walipanda Eucalyptus grandis kwenye bonde zima la kijito mwaka 1969, mwaka wa 3 maji yakaanza kupungua na mwaka wa 9 kijito kikakauka kabisa. Miti ikakatwa yote ikiwa na miaka 16 na bado maji hayakurudi sawasawa mpaka ikapita miaka mingine 5. Mitano! Ile mizizi ilishafyonza akiba ya chini ardhini, ilibidi mvua iijaze upya kwanza. Ndio maana sheria yao ya maji ya 1998 inahesabu mashamba ya miti ya biashara kama kitu kinachopunguza maji ya mito.

Watetezi watakwambia kwa kila kilo ya mti mkaratusi hautumii maji kwa fujo, na kusema kweli hapo wana hoja, unakunywa sana kwa sababu unakua haraka sana. Ila mto hauhesabu kilo, mto unahesabu maji yaliyobaki. Na ona hayo majibu yametokea wapi: spishi inayokimbia kukua, imejazwa bonde zima mpaka kwenye kijito chenyewe. Huwezi kuchukua hilo ukambebesha mtu mwenye miti mitatu juu ya mlima mkavu, wala huwezi kuchukua miti yake mitatu ukasema unaona, haina shida, ngoja nijaze bonde. Kwangu mimi, mkaratusi ujazwe kwenye chanzo cha maji, hapana, na hapo sibishani na mtu.

Kinachoniudhi ni wauza miche. Nilipata yangu mitatu kwa mtu mmoja, nikamuuliza ni aina gani, akaniangalia kama nimeuliza jina la babu wa mche. Mkaratusi, akasema. Nikasema upi, akasema mkaratusi ni mkaratusi. Nikabeba.

Sio bulugamu, hilo nimeshalijua, majani yake tangu udogoni ni kijani na yana vikonyo na hayaachi unga. Wala sio ule wa harufu ya limau ambao wataalamu waliutoa kwenye ukoo mwaka 1995 wakaupa jina la Corymbia, nimefikicha majani mpaka vidole vimenuka wiki nzima na limau halipo. Nahisi ni grandis au chotara wake. Nasubiri itoe matumba, yakija kwenye mafungu ya saba saba na kuendelea nitajua nahisi vizuri, na kifuniko kikiwa na mdomo mrefu kama wa ndege basi damu ya mkaratusi mwingine, Eucalyptus camaldulensis, imo humo, na ule una tabia ya kuangusha tawi zima siku ambayo hata upepo haupo. Kwa hiyo mpaka hapo, benchi nimelihamisha.