Aliyeshika kamera naye ni mtunzi

Mwaka wangu wa kwanza kama mpiga picha wa filamu za makala, zile za watu na matukio halisi, nilikuwa nampiga picha mzee aliyefiwa na mwanawe. Alizungumza, kisha akanyamaza. Nikadhani tumemaliza, nikazima kamera. Hapo ndipo aliponyoosha mkono, akalitwaa shati lililokuwa mgongoni mwa kiti, akalikunja taratibu na kulipakata. Mwongozaji alinitazama tu. Filamu ilitoka bila shati lile.

Kwenye filamu ya kuigiza shati lingerudishwa kitini na tukio kurudiwa hata mara 10. Kwenye filamu ya makala, kilichopita kimepita. Hakuna muswada wa kufuata. Mwongozaji mara nyingi yuko nyuma yako, haoni unachokiona. Ni wewe unayeamua papo hapo: umfuate anayesema au anayesikiliza? Usogee, au ukisogea utamkatiza? Mhariri hawezi kukitumia kisichorekodiwa. Ndiyo maana nasema mpiga picha wa makala ni mtunzi mwenza, ingawa kwenye mikataba hulipwa kwa siku, mara nyingine yeye na kamera yake kwa bei moja, kama gari na dereva.

Hata tuzo ziko hivyo. Oscar ya makala huenda kwa waongozaji na watayarishaji. Ile ya upigaji picha karibu kila mara huchukuliwa na filamu za kuigiza, japo mwaka 1930 Joseph Rucker na Willard Van der Veer waliipata kwa filamu ya makala ya msafara wa Richard Byrd, mpelelezi wa Marekani, kwenye Ncha ya Kusini.

Kirsten Johnson wa Marekani alipiga picha za filamu za watu wengine kwa miaka mingi. Mwaka 2016 alichukua vipande vya kazi hizo, akaviunganisha vikawa filamu yake mwenyewe. Kuna mahali picha inaruka ghafla: amepiga chafya. Chafya hiyo ilinifundisha kuliko kozi yoyote ya lenzi (na nimelipia kadhaa), kwa sababu ghafla unakumbuka kwamba nyuma ya kioo kulikuwa na mtu, tena mtu anayechagua.

Siku hizi mtu akinyamaza, nahesabu moyoni hadi 30 kabla ya kidole kukaribia kitufe. Wahariri hulalamika kwamba nawajazia dakika za watu waliokaa kimya. Nawaambia wazifute wao.