Mwangwi si uchafu

Bibi yangu, Mungu amrehemu, aliacha kaseti moja. Mjomba aliirekodi Pangani mwaka 1989, redio ikiwa juu ya kigoda uani, bibi akieleza habari za ukoo wetu huku anakuna nazi. Mwaka jana nilimpelekea kijana mmoja wa studio aisafishe. Akanionyesha anavyofanya: anachagua kipande ambacho hakuna anayesema, programu inajifunza ule mvumo wa kanda, kisha inauondoa kaseti nzima. Sekunde chache tu. Mvumo ukaondoka, na jogoo akaondoka, na mbuzi ya nazi, na ndoo iliyokuwa inagonga ukingo wa kisima. Ikabaki sauti ya bibi peke yake, kama mtu anayesemea ndani ya mtungi.

Nikalipa, nikashukuru. Usiku nikaisikiliza, nikashindwa kulala.

Katika hadithi za uchawi hukosi kukutana na kifaa cha namna hiyo. Kijisanduku, au kengele, au taa. Ukiiwasha ndani ya nyumba ya kale, mwangwi wote wa waliopita unakatika. Nyayo za ngazini, kilio cha chumba cha nyuma, vicheko vya watoto waliokufa zamani, vyote kimya. Mwenye nyumba anapumua, anapaka rangi, anahamia. Zamani nilikuwa nafurahi naye. Siku hizi nikifika hapo roho inanikataa, kwa sababu hakuna hata mmoja aliyeuliza yule aliyekuwa analia alikuwa analilia nini.

Kwetu pwani mganga haanzi kwa kufukuza. Pepo akipanda, kwanza huulizwa jina. Ametoka wapi, anataka nini, kwa nini amemkalia huyu na si mwenzake. Huenda akataka kitambaa chekundu, au pete ya fedha, au afukiziwe ubani. Huenda akazungumza lugha ambayo mgonjwa hajapata kuisema maisha yake. Mimi si mtu wa ngoma, na masheikh wanaoyakataza hayo nawaheshimu, siingii kwenye ugomvi huo. Ninachokiangalia ni adabu iliyomo: hata anayekutesa husikilizwa kabla ya kuambiwa aondoke. Nenda mapango ya Amboni kule Tanga uone watu wanavyoacha vitu vyao gizani, kwa wale wasioonekana. Mtu haingii tu akawasha mashine.

Wazo kwamba yaliyopita yanabaki mahali halikuzaliwa kwetu peke yetu. Charles Babbage, Mwingereza aliyesanifu mashine za kukokotoa karne moja kabla ya kompyuta, aliandika mwaka 1837 kwamba neno likishatamkwa halipotei. Hewa inalihifadhi, hata kama masikio yetu hayalifikii tena. Na mfano alioutoa ulinishtua. Alimtaja mtumwa aliyetupwa baharini ili meli ipungue uzito, akasema muuaji wake hataweza kukana, maana hewa na maji vimebeba ushahidi. Fizikia ya leo haimfuati mpaka huko: mawimbi ya sauti hufifia yakawa joto. Lakini mtu wa hesabu, katika zama ambazo biashara ile ilikuwa bado inaendelea, alipotafuta ni sauti ya nani isiyostahili kupotea, alimfikiria huyo.

Sasa twende Mkunazini, Unguja. Soko la watumwa lilifungwa mwaka 1873 kwa mkataba kati ya Sultan Barghash na Waingereza, na pale pale likajengwa kanisa la Kianglikana chini ya usimamizi wa Askofu Edward Steere. Inaelezwa kwamba madhabahu iko mahali uliposimama mti wa kuchapia watu. Nimesimama pale mara mbili. Wajenzi wangeweza kufukia, wakapanda maua, wakasema mambo yamekwisha. Badala yake mahali penyewe pametiwa alama sakafuni, na nje kuna sanamu za watu watano ndani ya shimo, minyororo shingoni, zilizowekwa mwaka 1998. Wageni wanafika wanapiga kelele za safari, wakikaribia lile shimo sauti zinashuka zenyewe. Mtu akija na kile kisanduku cha hadithini akasema anataka kupatuliza mahali pale, mimi nitamzuia mlangoni kwa mikono yangu.

Najua kuna anayeishi na mwangwi usiovumilika. Mama aliyefiwa na mwanawe chumba cha pili, kila usiku anasikia kikohozi kile kile. Huyo akitaka kimya, apewe, na asiulizwe mara mbili. Kidonda ni chake. Ugomvi wangu ni na wanaokata sauti za wengine kwa kuwa zinawakera wao: anayenunua nyumba, anayetaka wageni wa hoteli walale vizuri. Na mimi pia, niliyetaka kaseti isikike safi.

Nilirudi kwa yule kijana kuchukua kaseti yenyewe. Katika nakala iliyosafishwa kuna mahali bibi anafika kwa bibi yake mzaa mama, mjomba anamuuliza yule mzee alikujaje Pangani kutoka bara, kisha panafuata kimya kirefu. Nilidhani amekataa kujibu. Kwenye kaseti ya asili hakukataa. Alishusha sauti mpaka ikawa chini ya mvumo, na programu ikadhani nayo ni kelele. Nilizima feni, nikafunga dirisha, nikabana sikio kwenye spika. Mbuzi ya nazi inasimama. Jogoo anawika mbali. Halafu bibi, polepole sana: "Hakuja, mwanangu. Aliletwa."