Je, Doug Nicholls alikosea kukubali vyeo vya Malkia?

Januari 26, 1972, vijana wanne wa Kiaborijini, wenyeji wa asili wa Australia, walisimika mwavuli wa ufukweni kwenye nyasi mbele ya Bunge la Australia mjini Canberra. Wakapaita ubalozi wao, maana serikali ilikuwa imekataa kutambua haki yao ya ardhi. Mwaka huohuo Doug Nicholls, mchungaji na mcheza kandanda wa zamani, akawa Mwaborijini wa kwanza kupewa cheo cha Sir na Malkia Elizabeth. Desemba 1976 akaapishwa kuwa Gavana wa Australia Kusini. Ubishi juu yake ulianza kipindi hicho na bado haujaisha: je, alizisogeza mbele haki za watu wake, au aliwapa watawala sura nzuri ya kuonyesha wageni?

Jibu haliwezi kupatikana bila kwanza kwenda uwanjani. Nicholls alizaliwa 1906 Cummeragunja, makazi waliyotengewa Waaborijini kando ya mto Murray. Alipokuwa na miaka kama minane aliwaona polisi wakimchukua dada yake Hilda kwa nguvu, kumpeleka kwenye kituo cha kuwafunza wasichana utumishi wa ndani. Mwaka 1927 alikwenda kujaribiwa na klabu ya Carlton, Melbourne, katika kandanda ya Kiaustralia, ule mchezo wa mpira wa umbo la yai wenye wachezaji 18 kila upande. Wachua misuli walikataa kumgusa kwa sababu ya rangi yake. Akaondoka, akaenda Northcote, na 1929 timu hiyo ikatwaa ubingwa wa ligi yake. Kuanzia 1932 aliichezea klabu ya Fitzroy katika ligi kuu ya jimbo la Victoria, mechi 54. Alikuwa na urefu wa mita 1.57 tu, lakini mbio zake pembeni mwa uwanja ziliwashinda mabeki wa kila aina, na 1935 akachaguliwa kuiwakilisha Victoria.

Umaarufu huo ulimfungulia milango mingi. Watu walikwenda kanisani kwake kumsikiliza winga waliyemjua. Alipojiunga na jeshi wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, polisi wa Fitzroy, mtaa wa Melbourne, waliomba aachiwe arudi, kwa kuwa hapakuwa na mtu mwingine ambaye Waaborijini wa mtaa ule wangemsikiliza hivyo. Lakini uwanja ulimfunza pia namna moja ya kupambana: vumilia tusi, tabasamu, kisha mshinde aliyekutukana. Watazamaji wazungu waliipenda namna hiyo kwa sababu haikuwadai chochote. Hapo ndipo wakosoaji wake wana hoja nzito kuliko zote. Mtu anayepigiwa makofi kwa uvumilivu wake hugeuzwa kipimo cha wengine, na asiyevumilia huonekana mkorofi. Mwishoni mwa miaka ya 1960, wanaharakati vijana kina Bruce McGuinness walipotaka Waaborijini waongoze wenyewe vyama vyao kwa mwelekeo wa Black Power, yaani watu weusi wajiamulie mambo yao, Nicholls alibaki kwenye imani yake ya kushirikiana na wazungu. Vijana walikuwa na haki ya kuuliza ushirikiano huo ulikuwa umerudisha ekari ngapi.

Hata hivyo, wanaomwita mpole tu wanaisahau nusu nzima ya maisha yake. Januari 26, 1938, wakati Sydney inasherehekea miaka 150 ya kufika kwa Waingereza, Nicholls alikuwa miongoni mwa waliozungumza kwenye Siku ya Maombolezo, mkutano wa Waaborijini waliokataa kusherehekea. Alilelewa kisiasa na William Cooper, mzee wa ukoo wake, aliyekusanya sahihi za kumwomba Mfalme wa Uingereza awape Waaborijini uwakilishi bungeni.

Kwangu mimi, mwaka wa kumpima Nicholls ni 1963. Alikuwa na kiti kwenye bodi ya serikali ya Victoria iliyosimamia mambo ya Waaborijini. Bodi ilitaka kuyafunga makazi ya Lake Tyers na kuwatawanya wakazi wake mijini. Nicholls alitaka wakazi waachiwe ardhi waiendeshe wenyewe. Alipoona hasikilizwi alijiuzulu, akaingia kwenye maandamano na kampeni. Mwaka 1971 ardhi ya Lake Tyers ikakabidhiwa wakazi wake. Kibaraka hang'atuki kitini kwa jambo kama hilo. Huyu alijua kiti kinafaa hadi wapi, na kilipogeuka kuwa pambo alikiacha.

Ndiyo maana ugavana unanipa shida zaidi kuliko cheo cha Sir. Msomaji wa Kenya asimfikirie gavana wa kaunti mwenye bajeti na mawaziri wake. Gavana wa jimbo la Australia humwakilisha mfalme au malkia na hufuata ushauri wa serikali iliyochaguliwa, kwa hiyo Nicholls alikabidhiwa jumba kubwa lenye mamlaka madogo. Don Dunstan, waziri mkuu wa jimbo aliyempendekeza, alikuwa mtetezi wa kweli wa haki za Waaborijini, na kwa mtoto wa Kiaborijini, kumwona mtu wake akipigiwa saluti kulikuwa na uzito ambao sithubutu kuudharau. Lakini saluti hairudishi ardhi. Nicholls alipatwa na kiharusi Januari 1977 na akaacha wadhifa Aprili 30, miezi mitano baada ya kuapishwa. Tukaikosa nafasi ya kuona angefanya nini siku ambayo serikali ingempa karatasi ya kutia sahihi asiyokubaliana nayo.

Tangu 2016 ligi kuu ya kandanda ya Australia inaita raundi yake ya wachezaji wenyeji kwa jina la Sir Doug Nicholls. Mwaka mmoja kabla, Adam Goodes, nyota wa Kiaborijini wa Sydney Swans aliyekemea ubaguzi hadharani, alizomewa viwanja vizima hadi akastaafu, na ligi ikaja kuomba radhi 2019. Wapo waliotamani Goodes awe mtulivu kama wazee wa zamani. Basi wamsome Nicholls wa 1938 na wa 1963, aliyepaza sauti jijini Sydney na kuirudishia serikali kiti chake.