Mashushushu Walipoachana na Filamu

Kamera za siri zikitajwa, watu hustaajabia udogo wake. Kuna F-21 ya Wasovieti: inavaliwa kifuani, lenzi imejificha nyuma ya kifungo bandia cha koti, na waya unashuka hadi mfukoni ambako kachero anabonyeza bila kuutoa mkono. Inavutia, sikatai. Lakini kilichoibana serikali kwa miaka mingi ni filamu yenyewe.

Filamu huisha. Halafu lazima ipelekwe chumba cha giza, mmoja aisafishe, mwingine achape picha, mwingine aiweke kwenye jalada la mhusika. Stasi, idara ya usalama ya Ujerumani Mashariki, ilificha kamera hata kwenye kopo la kumwagilia maua, ila kufikia 1989 ilikuwa na waajiriwa wapatao 91,000, mbali na watoa habari wake, na bado ililazimika kuchagua nani wa kufuatwa. Hata setilaiti za kijasusi za Marekani zilizoitwa Corona (1960–1972) zilidondosha filamu kwa parachuti, ndege ikainasa ikiwa bado hewani. KH-11, setilaiti nyingine ya kijasusi ya Marekani iliyorushwa Desemba 1976, ndiyo ya kwanza ya aina hiyo kutuma picha bila filamu.

Dijitali iligeuza utaratibu: kila apitaye hurekodiwa, mshukiwa hutafutwa baadaye.

Wapo wanaosema mabadiliko haya yamewaumiza mashushushu pia, na wana hoja. Januari 2010 kiongozi wa Hamas, Mahmoud al-Mabhouh, aliuawa hotelini Dubai na watu waliodhaniwa kuwa mashushushu wa kigeni. Polisi waliunganisha picha za kamera za uwanja wa ndege na za hoteli, wakaonyesha dunia nzima wanaume wawili waliovaa nguo za tenisi, raketi mkononi, wakitoka naye kwenye lifti na kumfuata kuelekea chumbani kwake. Enzi ya filamu, nani angewakumbuka?

Hata hivyo, waliozishika picha hizo walikuwa polisi, yaani serikali nyingine. Raia mwenye simu hunasa tukio moja. Mwenye mtambo hunasa mji mzima, naye ndiye huamua nini kionyeshwe na nini kifutwe. Hapo naona mizani imeelemea upande wa dola. Majalada ya Stasi yalikuwa na jengo: wananchi walilivamia Januari 1990, na sheria ya 1991 ikamruhusu kila mmoja kusoma la kwake. Rekodi za kidijitali hufutwa kwa amri moja, kabla mtu hajafika hata getini.