Makala iko kwa wakaguzi, mbu hawangoji
Jameni haya majarida ya sayansi yatanimaliza. Mwaka jana tulituma makala ya jeni za mbu wa hapa Kisumu, wale wameshazoea dawa ya neti, na mpaka saa hii naambiwa tu "bado iko kwa wakaguzi", yaani wanasayansi wenzetu wanaoisoma kabla ichapishwe. Mmoja alikaa nayo miezi minne akarudisha mistari mitatu, eti nibadilishe rangi ya grafu, haki ya Mungu! Watson na Crick, wale wanasayansi waliogundua umbo la DNA, waliandika makala yao 2 Aprili 1953, kufika 25 Aprili imeshatoka, na hiyo ni enzi ya posta. Sai mbu wa Dunga, hapa hapa Kisumu, washazaa vizazi sijui vingapi, mimi kila asubuhi kabla ya chai nachungulia imeli kama mtu anadai deni.